Jitu la Darajani

Kibanda chenyewe ni mabati na turubai, pale Bugarama, kando ya barabara itokayo Kahama kwenda Kakola, jirani na karasha linalosaga mawe ya dhahabu tangu alfajiri. Ukiwa ndani unapaza sauti hata kama huna ugomvi na mtu. Pana runinga mbili. Ya mlangoni ni ya mpira: wawili wanacheza, sita wanafundisha. Ya kona nayo ilikuwa ya mpira, mpaka mwanachuo mmoja aliporudi likizo kutoka Mwanza na diski ya Elden Ring kwenye begi.

Kwa asiyelijua, hilo ni gemu la kampuni ya Kijapani, FromSoftware. Lilitoka Februari 25, 2022, chini ya uongozi wa Hidetaka Miyazaki, na historia ya kale ya dunia yake ilibuniwa na George R. R. Martin, yule Mmarekani wa hadithi za majoka na viti vya enzi. Lina panga, uchawi, farasi wa kizimwi na wafalme waliooza. Sifa yake kubwa ni kuua watu. Unakufa, unarudi ulikotoka, unakufa tena. Wiki nzima kijana mmoja wa kidato cha pili, ambaye kibanda kizima humwita Dogo, alikuwa akifia mahali pamoja: kwenye daraja la kuingilia ngome ya Stormveil, mikononi mwa jitu lenye pembe na mkia liitwalo Margit.

Jioni ninayoisimulia, Dogo alikufa, akaweka pedi mapajani, akakaa kimya. Mwanachuo akamsogelea na kutamka maneno yaliyowasha moto. Majina ya wasemaji nayaacha. Maneno yao nimeyapanga, maana siku ile walisema wote kwa wakati mmoja.

MWANACHUO: Dogo, huyo si wa lazima. Mzunguke.

MWALIMU (wa hisabati, amekuja kuchaji simu): Anazungukwaje mtu aliyesimama mlangoni?

MWANACHUO: Shikamoo, Mwalimu. Kasimama mlangoni mwa ngome, siyo mlangoni mwa dunia. Nje ya ukuta kuna kinjia ukingoni mwa genge. Ukikifuata na farasi wako unatokea Liurnia, nchi ya maji, bila kukanyaga ngome. Hata Godrick, mwenye ngome yake, unaweza kumwacha alivyo na gemu ukalimaliza.

MWALIMU: Marahaba. Basi huyo si mlinzi, ni pambo la ukumbini.

MWENYE KIBANDA: Pambo la bei! Nusu saa mia tano. Dogo ameniachia elfu nne na mia tano wiki hii kwa jitu moja. Mimi sina neno nalo. Likae hapo hapo.

MAMA LISHE (dirishani, mwiko mkononi): Elfu nne na mia tano ni wali maharage wa siku tatu. Mwanangu, hilo jitu mna undugu?

Kicheko kilipopoa, ikabidi mwanachuo aeleze gemu limepangwaje, maana wengi walidhani kila bosi, yaani jitu kubwa la kupigana nalo, ni kama ngazi: hupandi ya pili kabla ya kwanza.

MWANACHUO: Kuna mji mkuu, Leyndell. Lango lake halifunguki mpaka uwe na Runi Kuu mbili, yaani vipande vya ile nguvu iliyogawanyika nchi ilipovunjika. Wenye nazo ni wengi. Godrick anayo, Rennala anayo, Radahn, Rykard, na wengine waliofichwa mbali. Gemu halikuambii umpige nani. Linataka mbili.

MWALIMU: Hiyo naijua vizuri. Sehemu C: jibu maswali mawili tu.

MWANACHUO: Haswa!

MWALIMU: Ila mtihani huo huo una Sehemu A, na Sehemu A haina neno "tu". Gemu lako lina Sehemu A?

MWANACHUO: Linayo. Morgott, pale Leyndell. Kisha Jitu la Moto mlimani, wale Godskin wawili, Maliketh, Gideon, Godfrey, na mwisho kabisa Radagon, ambaye ukimwangusha anatokea mnyama mwingine kabla hujapumua. Hao hupiti pembeni.

MWALIMU: Basi mimi nasimama na hao. Nikueleze kwa nini. Mwaka wa kwanza wa kazi niliwahi kuweka swali gumu kwenye jaribio, nikaandika "la hiari, kwa alama za ziada". Darasa la watu sitini na kitu, nani alilijaribu? Wawili. Na hao wawili ndio wasiolihitaji. Muhula uliofuata nikaliweka swali lile lile, nikafuta neno hiari. Walilia, lakini walilifanya. Nusu yao walilipata! Lilikuwa limewashinda neno, siyo hesabu.

MWENYE KIBANDA: Na nusu nyingine?

MWALIMU: Walijua wamekosea wapi. Hiyo nayo ni elimu. Hisabati ni lazima mpaka kidato cha nne. Fizikia mtu akifika cha tatu anaiaga kama mgeni aliyekaa sana. Unajua wangapi wameiaga huku wana kichwa chake? Mtu akiwa na njia ya pembeni hatajua kamwe kama angeweza.

Hapa niseme langu kidogo. Sisi tuliokua kwenye vibanda vya video, na sauti ya Lufufu ikitufasiria Wachina na Wahindi, swali hili hatukuwa nalo. Mkanda ukiwekwa, umewekwa. Stering atakutana na adui mkuu dakika za mwisho, na tulijua stering hafi. Hakuna aliyewahi kusimama kwenye benchi akasema, "Mimi hapa namzunguka." Gemu ndilo lililotuletea jambo geni: hadithi ambayo msikilizaji anaweza kuikataa sehemu yake, na isife. Ndiyo maana mjadala huu haukuwa wa kitoto, ingawa ulianzia kwa mtoto.

MWANACHUO: Mwalimu, kwa heshima zote, mfano wako unasema wanafunzi hukwepa. Mimi nakupa bosi mmoja anayevunja mfano huo. Anaitwa Malenia. Si wa lazima hata chembe. Kumfikia tu ni safari: utafute nusu mbili za medali ya siri, kila nusu iko kwake, upande lifti fulani, uvuke uwanja wa theluji usioona hatua kumi, utatue fumbo la mji, ushuke kwenye mti mkubwa wenye matawi membamba kama kamba. Ukimfikia, kila anapokukata yeye anapona. Umemtoa damu nusu, akakugusa mara tatu, damu imerudi.

MAMA LISHE: Huyo naye ana roho ya mkopeshaji.

MWANACHUO: Na watu walimiminika kwake. Hawakutumwa. Uliza mchezaji yeyote wa Elden Ring, atakutajia Malenia kabla hajakumbuka jina la bosi wa mwisho. Bosi wa lazima unampiga ili upite. Huyu ulikwenda kumtafuta, kwa hiyo hata ukishindwa, aibu ni yako na heshima ni yako.

MWALIMU: Hao waliomiminika ni wale wawili wangu kati ya sitini.

MWANACHUO: Kwenye gemu lililouza nakala zaidi ya milioni ishirini, hata wawili kati ya sitini ni kijiji kikubwa kuliko Bugarama.

DEREVA WA BODABODA (ameegesha nje, helmeti bado kichwani): Mnagombana kwa sababu mna maneno mawili tu. Lazima na hiari. Madrasa tulifundishwa zaidi. Kuna faradhi na kuna sunna. Hapo mko sawa. Lakini faradhi yenyewe ni mbili. Kuna faradhi aini, kila mtu na shingo yake, kama swala tano. Na kuna faradhi kifaya, kama swala ya maiti: wakiifanya baadhi, wengine wote wameondokewa na dhima. Wasipoifanya hata mmoja, mji mzima una dhambi. Sasa mimi nauliza, hapa kibandani jitu hilo ni faradhi gani?

MWENYE KIBANDA: Kifaya! Wiki iliyopita si ulimpa pedi yule kijana wa Segese akupigie yule mpanda farasi wa dhahabu?

DEREVA: Nilimpa, na nikapita. Nina dhambi?

Mpanda farasi anayetajwa ni yule mlinzi wa mti, ambaye gemu humweka njiani dakika chache baada ya kukufungulia mlango wa kwanza. Amevaa dhahabu mwili mzima na farasi wake pia, kiasi kwamba wachimbaji wa Bugarama walipomwona mara ya kwanza waliuliza uzito wake. Mgeni akimvamia anakanyagwa. Hakuna maandishi yanayokwambia umwache, ila majani ya pembeni ni marefu na uwanja ni mpana. Ni somo la kwanza la gemu na linafundishwa kwa kwato.

MWANACHUO: Tena dereva yuko na ushahidi wa dunia nzima. Mwaka 2022 alitokea mchezaji mmoja akajiita Let Me Solo Her. Mtungi kichwani, mwilini karibu uchi, panga mbili. Kazi yake ilikuwa kusubiri nje ya mlango wa Malenia ili watu walioshindwa wamwite. Anaingia kwenye dunia yako, anampiga peke yake, anaondoka. Alipofikisha mara elfu moja, Bandai Namco, waliolichapisha gemu, walimtumia upanga wa kweli kuwa zawadi.

DEREVA: Swadakta. Huyo ni imamu wa kifaya.

MWALIMU: Mara elfu. Na hao elfu aliowapigia, wamejifunza nini?

DEREVA: Wamejifunza kuomba msaada, Mwalimu. Wewe unadhani hilo ni somo dogo? Watu wanakufa majumbani kwa kukosa somo hilo.

Mwalimu hakujibu haraka. Aliangalia simu yake, imefika asilimia arobaini, akairudisha kwenye chaja. Mchimbaji mmoja, aliyekuwa amekaa juu ya ndoo tangu mwanzo, magoti meupe kwa vumbi la mawe, ndiye aliyechukua zamu.

MCHIMBAJI: Mimi sichezi hilo la mapanga, nacheza mpira. Lakini naangalia. Huyu mwanachuo jana alituonyesha mapango. Pango la kwanza, bosi ni sanamu la paka linalorukaruka. La pili, sanamu la paka. La tatu, sanamu la paka na mwenzake. Hiyo hiari yenu sisi tunaiita marudio. Mchanga umeshaoshwa, dhahabu imeshatoka, unauosha tena.

MWANACHUO: Marudio si yana dhahabu bado?

MCHIMBAJI: Yanayo. Kidogo. Na watu wanajenga nyumba kwa marudio, sikatai. Lakini usiniambie ni duara jipya, shimo ambalo halijachimbwa. Hilo moja. La pili: duarani mambo ya hiari ni machache kuliko mnavyofikiri, na yanayoonekana hiari ndiyo yanayoua. Matimba, yale magogo ya kuzuia udongo. Hakuna anayekuzuia kushuka bila kufunga matimba vizuri. Unaweza kushuka leo, kesho, mwezi mzima. Unaokoa fedha, unaokoa muda, unawapita wenzako. Siku udongo ukikata shauri, huulizwi kama ulijua.

MWALIMU: Kwa hiyo uko upande wangu.

MCHIMBAJI: Subiri. Mwamba nao. Mnafuata mkanda wenye dhahabu, mkanda unaingia kwenye mwamba mgumu. Mwenye duara anasema pigeni, yeye hayupo chini. Mnapiga wiki mbili, nyundo zinarudi usoni. Sasa mchimbaji mzoefu anafanya nini? Anatoka. Anakwenda duara la jirani, anafanya kazi huko, anapata hela ya baruti, anarudi. Au harudi. Wapo waliobaki wanapiga kwa kiburi mpaka wameuza baiskeli. Huyu Dogo wenu ninavyomwona anapiga mwamba kwa nyundo ndogo. Hana kiburi, hajui tu kama kuna duara la jirani.

Nakiri kwamba nilipoingia kibandani nilikuwa wa Mwalimu. Nililelewa kwa fimbo ya lazima na sikuona ubaya wake. Mchimbaji ndiye aliyenisogeza kwenye benchi. Tunapouliza kama bosi ni wa lazima au wa hiari tunauliza nusu ya swali. Nusu ya pili ni hii: naweza kuondoka, nikakua, nikarudi? Sekiro, gemu la kampuni hiyo hiyo la mwaka 2019, lina Genichiro juu ya kasri la Ashina. Huna pa kuzunguka, huna wa kumwita, na huwezi kujiongezea nguvu kwa kuua kondoo wa jirani. Utajifunza upanga au utauza diski. Wapo wanaolipenda gemu hilo kuliko yote kwa sababu hiyo, na Mwalimu angelipenda. Margit yuko tofauti. Amewekwa katikati ya barabara kuu, mwanga unakuelekeza kwake, ili uamini kwamba ni yeye au hakuna. Lakini mgongo wako uko wazi. Nchi nzima uliyoipita bado ina mapango, makaburi, wafanyabiashara, silaha. Anayefungwa hapo kwa wiki nzima amefungwa na anachokiamini.

MWENYE KIBANDA: Mnasema hiari, hiari. Mimi nawaambia hiari ya mwenye duka hubadilika. Mwanachuo, waeleze ile ya 2024.

MWANACHUO: (anacheka) Juni 2024 walitoa nyongeza, Shadow of the Erdtree. Nchi mpya nzima. Watu wakalipa, wakawasha, hawakuweza kuingia. Mpaka uwe umemuua Radahn na Mohg. Radahn hakuwa lazima kwa kumaliza gemu, na Mohg alikuwa amefichwa hivi kwamba wengi hawakujua kama yupo.

MWENYE KIBANDA: Umeona? Miaka miwili wanakwambia pita tu, mzee, hakuna ada. Umeshapita ndipo wanakuwekea kizuizi. Mimi nikimfanyia mteja hivyo hapa, benchi litaruka.

Hapo nilikuwa naye. Kizuizi kina haki yake kikionekana mapema.

Umeme ukakatika. Mpira ukapotea, Dogo akapotea, na karasha la jirani likanyamaza, kitu ambacho Bugarama husikika kama mtu kaziba masikio yako. Mtu akawasha tochi ya simu akaielekeza juu kwenye bati. Ndipo tukamwona mzee aliyekuwa amekaa mlangoni, fimbo kati ya magoti. Alikuja kumchukua mjukuu, na mjukuu ni Dogo. Tukamwamkia kwa mkupuo. Akaitikia marahaba moja kwa wote.

MZEE: Mmesema jitu, jitu. Ng'wanawane, hapa ni Usukuma, jitu la kwanza ni Shing'weng'we. Alimeza watu wote. Watu, ng'ombe, mbwa, kuku. Akabaki mwanamke mmoja mwenye mimba aliyejificha kwenye rundo la makapi. Akazaa mtoto, Masala Kulangwa. Mtoto akakua, akauliza, mama, watu wako wapi? Mama akamwambia. Mtoto akatoka. Siku ya kwanza kaua nini?

DOGO: Panzi.

MZEE: Panzi! Akarudi anaimba, mama, nimemuua Shing'weng'we. Mama akasema, mwanangu, huyo ni panzi. Akatoka tena, akaua ndege. Huyo ni ndege. Akaua paa. Huyo ni paa. Sasa wewe Mwalimu, nani alimlazimisha kuua panzi?

MWALIMU: Hakuna, Mzee.

MZEE: Na asingeua panzi angejuaje mkono wake unafika wapi?

MWANACHUO: (taratibu, kama anayeiba) Mabosi wa hiari.

MWALIMU: Lakini Mzee, Shing'weng'we mwenyewe alikuwa lazima. Bila yeye hadithi haiishi.

MZEE: Lazima kwa nani? Mama yake alijificha kwenye makapi, akaishi, akazaa. Hata mtoto angejificha. Walikuwa na chakula. Hakuna aliyewafuata. Lazima ilikuwa ya waliomo tumboni.

Sijui kama tochi ilitikisika au ni mimi. Mwalimu alivua miwani.

MAMA LISHE: Na yule bibi wa sikio, Mzee, usimwache.

MZEE: Ehe. Jitu limekufa, anapasua tumbo watu watoke, kisu kikakata sikio la bibi kizee. Wote wanatoka wanashangilia, bibi anatoka na hasira, anataka kumroga aliyemwokoa. Mtoto ikabidi ahangaike na dawa ya sikio. Ameua jitu, sasa anambembeleza bibi. Huyo bibi kwenye gemu lenu yuko wapi?

MWENYE KIBANDA: Huyo ni mteja wangu, Mzee. Nampata kila siku.

Katika kicheko hicho mzee aliongeza jambo kwa sauti ya chini, nusu akijisemea. Kwamba mwaka 1996, wachimbaji wadogo walipoondolewa Bulyanhulu kupisha mgodi mkubwa, hakuna aliyewauliza kama ni lazima au hiari. Alikuwa na duara lake. "Tukazunguka," alisema. "Ndiyo mnaniona hapa." Mgodi mkubwa ulianza kutoa dhahabu 2001, chini kabisa ya ardhi, na taa zake usiku zinaonekana mbali. Mchimbaji juu ya ndoo alitikisa kichwa. Yeye mwaka huo alikuwa hajazaliwa.

MZEE: Na hayo magemu yenu, yote ni ya Wajapani? Hakuna mtu wetu aliyetengeneza?

MWANACHUO: Lipo, Mzee. Na linaongea Kiswahili. Tales of Kenzera: Zau, la Aprili 2024. Aliyeliongoza ni Abubakar Salim, mwigizaji wa Uingereza mwenye asili ya Kenya, aliyempoteza baba yake kwa saratani. Ndani yake kuna kijana, Zau, mganga chipukizi. Baba yake amekufa. Anakwenda kwa Kalunga, mungu wa mauti, wanapatana: niletee roho tatu kubwa, nikurudishie baba. Basi anazitafuta. Moja ni Impundulu, ndege wa radi wa kusini.

MWALIMU: Roho tatu. Anachagua mbili?

MWANACHUO: (kimya kidogo) Hapana. Zote tatu. Hakuna kinjia.

MWALIMU: Mtu aliyefiwa na baba yake katengeneza gemu, hakuweka kinjia. Kwa nini?

Mwanachuo hakupata neno. Mama lishe ndiye aliyejibu, na hakumtazama mtu.

MAMA LISHE: Kwa sababu mume wangu alipokufa watu waliniambia nikae kwetu mwaka mzima, nisirudi huku. Nikakaa miezi minne. Nikaona bado yuko pale pale kwenye nyumba, ananisubiri nifungue mlango. Nikarudi nikaufungua. Mengine unayazunguka. Hilo nilizunguka nalo likazunguka nami.

DEREVA: Faradhi aini.

MAMA LISHE: Haya, kama ndivyo mnavyoiita.

Umeme ulirudi na karasha likarudi kabla yake, au ndivyo nilivyosikia. Gemu liliwaka, Dogo yuko kwenye mwanga wa kupumzikia nje ya daraja, mzima. Kwenye runinga ya mlangoni mpira ulianza sifuri kwa sifuri na ugomvi mpya ukazuka kuhusu nani alikuwa akiongoza. Mwanachuo aliinama sikioni kwa Dogo, lakini kwa karasha lile, siri ya Bugarama husikika na watu wanne.

MWANACHUO: Nilikwambia huyo si wa lazima. Sikukwambia yote. Margit si jina lake. Ni kivuli tu alichokituma mwenyewe. Yule wa Leyndell, Morgott, wa Sehemu A, ndiye huyu huyu. Ukimpita hapa utamkuta kule.

MWALIMU: (ameinuka nusu) Unasemaje?

MWANACHUO: Ndivyo, Mwalimu. Ana visu vile vile vya mwanga. Aliyejifunza darajani hupata nafuu kule.

MWALIMU: Kwa hiyo ni swali lile lile, limekuja kwanza kwenye zoezi!

MWANACHUO: Kwenye zoezi lisilosahihishwa, ndiyo.

Ningependa kusema Mwalimu alishinda hapo, na uso wake ulisema hivyo. Lakini mchimbaji naye alikuwa akitabasamu, na sababu yake haikuwa mbaya: jitu lile lile, lakini baada ya kuzunguka nchi nzima, ukiwa na nyundo kubwa. Waliotengeneza walijua wanachokifanya. Mlangoni wamekuwekea mtu unayeweza kumkwepa, kwenye kiti cha enzi wamekuwekea yule yule usiyeweza, na katikati wamekuachia muda. Hapo ndipo ninapoliheshimu gemu hili, pamoja na masanamu yake ya paka.

Dogo alikuwa amesikiliza yote. Alimwita farasi, akaliacha daraja, akafuata ukingo wa genge. Kibanda kikaangalia, hata wa mpira. Upepo, mawe, daraja jingine lililobomoka kwa mbali chini. Halafu mlima ukaisha ghafla na mbele yake pakafunguka Liurnia: maji hadi upeo, ukungu, na chuo cha wachawi katikati kama kisiwa. Mtu nyuma yangu alisema, "Loo, hiki kilikuwepo siku zote?"

Dogo alisimamisha farasi akatazama. Mzee alisogeza fimbo, kuonyesha kwamba sasa inatosha, usiku umeingia. Dogo akamgeuza farasi, akarudi njia ile ile aliyoijia, mpaka darajani.

MWENYE KIBANDA: Si umeshapita? Umerudi kufanya nini?

DOGO: Zimebaki dakika ngapi?

MWENYE KIBANDA: Sita.

Mzee alikaa tena.